Askari wa Mama

Sikumpiga mama yangu. Naanza na hilo kwa sababu ndilo nililomwambia kila mtu mwaka ule: mke wangu, imamu wetu, wateja dukani, hata karani wa mahakama aliyenikabidhi karatasi na ambaye hakuwa ameniuliza kitu. Sikumpiga. Lakini karatasi ilikuwa na majina yangu yote matatu, na ilisema polisi wamlinde mama asidhuriwe na mimi, kifungua mimba wake. Nisimsogelee. Nisimpigie simu wala kumtumia mtu. Na siku atakapokuja nyumbani kuchukua vitu vyake, asindikizwe na askari wawili, nami nisimzuie kwa mkono wala kwa neno. Amri ilikuwa ya miezi sita, kisha mahakama ituite imsikilize tena. Niliisoma nje ya jengo la mahakama pale Bagamoyo, jua la saa tano likinichoma utosi, nikairudia mara tatu nikitafuta walipokosea.

Tangu siku hiyo nilitaka kitu kimoja tu: miezi sita iishe, mama asimame mbele ya hakimu aseme hana haja ya askari kwa ajili yangu.

Baba yangu alikuwa karani wa halmashauri kabla hajastaafu, mtu wa kalamu na kanzu iliyopigwa pasi, na mji mzima ulimheshimu. Nyumbani alikuwa hasemi na mama. Sisemi walikuwa hawaelewani. Nasema alikuwa hasemi naye. Ilianza mimi nikiwa nimeshaoa, baada ya ugomvi mmoja ambao mama anasema ulihusu mgeni aliyelishwa bila baba kuambiwa, na baba hajui tena ulihusu nini. Tangu hapo akitaka kitu atamwambia yeyote aliye karibu: "Mwambie mama yenu chai haina sukari." Mama yuko pale pale, hatua mbili, mkono uko kwenye birika! Na sisi, wapumbavu wakubwa, tunageuka: "Mama, baba anasema chai haina sukari." Pasipokuwa na mtu, aliuambia ukuta. Tulicheka sana. Sikukuu za Idi tulikuwa tunamwigiza, wajukuu wakajifunza, na mama mwenyewe akicheka huku anapakua wali. Hali hiyo ilikwenda miaka kumi na moja.

Mama alikuwa mpishi wa shughuli. Arusi, hitima, maulidi, arobaini, wanamwita yeye. Masufuria yake yalikaa ua wa nyuma chini ya turubai, tisa, makubwa ya mtoto kuogea, kila moja kaliwekea alama ya rangi nyekundu kwenye sikio ili lisipotee huko linakokwenda. Mwezi wa Shaabani alikuwa hashikiki, leo Magomeni ya kwetu, kesho Kaole, keshokutwa wanamfuata mpaka Mapinga ambako mimi nina duka la vifaa vya ujenzi. Niliwahi kupita mahali anapika nikasimama pembeni kumtazama. Alikuwa mtu mwingine kabisa! Anatoa amri, anawatania wakata vitunguu, anamsema bwana arusi mbele ya mama mkwe wake, watu hoi kwa kicheko. Nikajisemea, lo, kumbe mama ana maneno mengi hivi. Kisha nikaenda zangu.

Mwaka ule, siku chache baada ya Idi, alituita mimi na dada zangu wawili. Akatukalisha mkekani, akafunga khanga vizuri.

"Nataka baba yenu aniache," akasema.

Nilicheka. Wallahi nilicheka. "Mama, una miaka sitini na nne."

"Najua nina mingapi."

"Sasa uachwe uende wapi?"

"Niende nikasemeshwe."

Dada zangu wakaanza kulia. Mimi nikapandwa na hasira, na hasira yangu ndugu zangu wanaijua, haina breki. Nilimwambia anatutia aibu. Nilimwambia mimi niko kwenye kamati ya msikiti, nitasimama vipi mbele za watu na mama yangu anadai talaka uzeeni kwa sababu hasemeshwi? Amepigwa? Amenyimwa chakula? Amefumania? Mama akanisikiliza mpaka nikamaliza, kisha akauliza kama tutakula kwake. Jioni hiyo nilimweleza baba. Alikuwa anakunja gazeti. "Mwambie mama yenu," akasema, "mimi siandiki talaka."

Na mimi nikaenda, nikamwambia.

Wiki hiyo hiyo mama akahamia Zinga kwa mdogo wake, huyo tunayemwita mama mdogo, mjane, ana kibanda cha kuuza mkaa na mboga kando ya barabara ya Dar. Kutoka hapo akaenda baraza la usuluhishi la kata, baba hakutokea. Akaenda tena, baba hakutokea. Baraza likamwandikia karatasi ya kwenda mahakamani. Maneno yakafika msikitini kabla hayajafika kwangu. Ijumaa moja, tunavaa viatu baada ya sala, mzee mmoja akanishika bega akasema, "Pole, nasikia nyumba imewashinda." Kwa upole tu alisema. Nilijiona nimevuliwa nguo hadharani. Sikwenda dukani. Niliingia kwenye gari nikaenda Zinga.

Mama alikuwa barazani na mdogo wake, wanachambua mchele kwenye ungo. Nikamwambia twende nyumbani. Akasema haendi. Nikasema twende. Akasema, "Mwanangu, kaa kwanza, hata maji hujanywa." Nikamshika mkono. Hapo ndipo ninaposema sikumpiga, na ni kweli: nilimshika mkono nikamwinua, nikamtembeza mpaka kwenye gari, nikamkalisha mbele, nikafunga mlango. Alikuwa mwepesi. Mtu aliyekuwa anageuza pilau la watu mia tatu, alikuwa mwepesi hivyo! Mama mdogo alikuwa anapiga ukelele nyuma yetu, mchele umemwagika baraza nzima.

Sikuwa nakwenda mbio. Kwenye tuta nikapunguza mwendo, na gari lilipopunguza mwendo mama alifungua mlango akajitupa.

Watu wa Zinga walijaa pale sijui wametokea wapi. Amekaa kwenye vumbi, buibui limepanda, mkono wa kushoto ameushikilia kwa wa kulia, na kifundo kimekaa vibaya. Kijana mmoja wa bodaboda akaniuliza, macho yamemtoka, "Mzee, umemfanya nini huyu mama?" Kabla sijafungua mdomo, mama akajibu. "Hajanifanya kitu. Nimeteleza." Hospitali wakamwuliza tena, akasema ameteleza. Nilikuwa nimesimama mlangoni, nikasikia. Mama mdogo naye alisikia, akatoka pale moja kwa moja mpaka kituo cha polisi, dawati la jinsia.

Basi mimi niliamini hivi: amri ya mahakama ni kazi ya mama mdogo. Niliitwa siku ya kusikilizwa, sikwenda, kwa jeuri. Niliyopata ni masimulizi tu. Nikasikia mama alikataa nifunguliwe kesi ya jinai. Nikashikilia hilo. Nikawaambia watu, mnaona? Mama mwenyewe hana neno na mimi, ni yule mdogo wake, mwanamke wa shari, ndiye anayewatilia fitina mama na mwana. Nilisema neno hilo mpaka nikawa nalisikia kama habari niliyoletewa na mtu mwingine.

Siku ya kuchukua vitu ilikuwa Jumatano, saa mbili na nusu asubuhi. Nilikwenda nyumba ya baba mapema, niwepo. Amri haikunikataza kuwepo. Baba alijifungia chumbani na redio yake. Mimi nikasimama ukumbini, nyuma ya mlango wa mbele. Mlango haukuwa umefungwa, nataka hilo lieleweke, uliachwa wazi upana wa kiganja. Gari la polisi likasimama. Nikaona kwa ule upenyo askari mwanaume, askari wa kike aliyebeba faili, na katikati yao mama, mkono umefungwa plasta, amevaa buibui lake la kwendea msibani.

Akapanda ngazi mbili za baraza, akasimama.

"Hodi," akasema.

Mtu ambaye si wa pwani labda hataelewa kilichofuata, kwa hiyo nieleze. Kwetu hodi inapigwa mara tatu. Usipojibiwa, unageuka unaondoka, hata kama unaona moshi jikoni na unasikia watu wanaongea ndani. Huchungulii, husukumi mlango, huoni kinyongo. Mama alitufundisha hivyo kwa fimbo. Nikiwa na miaka saba niliwahi kuingia kwa jirani bila kujibiwa, nikamkuta mke wa watu anajipaka mafuta, na mama alinichapa kisha akanirudisha pale pale nipige hodi upya nisubiri. Nilikuwa nalijua jambo hilo kuliko sura ya Fatiha. Na nilijua jambo la pili: mtu anayepiga hodi nyumba aliyokaa miaka arobaini ameshaihesabu kuwa si yake.

"Hodi," akasema mara ya pili.

Nilikuwa na neno moja tu la kusema. Ulimi ulikuwa tayari. Nikajiambia, amri imesema nisimzuie kwa mkono wala kwa neno, haya, mkono nimeuweka mfukoni na neno sisemi. Nilijiona mjanja! Astaghafirullahi, nilijiona mwerevu kumshinda hakimu. Redio ya baba chumbani ilikuwa imepunguzwa sauti, kwa hiyo na yeye alikuwa anasikiliza.

Ya tatu aliisema kwa sauti ya chini. "Hodi wenyewe."

Akangoja, kama inavyotakiwa. Kisha nikamwona anageuka.

"Mama, wewe ingia tu," askari wa kike akasema. "Una amri ya mahakama. Mlango wenyewe uko wazi."

"Nyumba ya watu haiingiwi bila kukaribishwa, mwanangu."

"Lakini si ni nyumba yako?"

"Ingekuwa yangu ningepiga hodi?"

Akashuka ngazi ya kwanza. Yule askari mwanaume akachoka na mambo hayo, akapanda barazani kwa buti zake, akagonga mlango kwa ngumi. "Hodi humu ndani!"

Na mimi nikajibu. Hapo hapo, kabla sijafikiri, mdomo umejifungua wenyewe: "Karibu, afande, karibuni!"

Mama alikuwa kwenye ngazi ya pili. Alisikia. Niliona mgongo wake ukisimama kidogo, kisha akamalizia kushuka, akaenda akakaa kwenye gari. Afande aliingia, akaniuliza vitu vya mama viko wapi, nikamwonyesha masufuria uani na kabati la nguo. Akakuna kichwa. Akasema hawezi kutoa kitu mwenye mali asipokuwepo kukitambua, akaandika kwenye faili, wakaondoka. Baada ya muda baba akatoka chumbani, akapita mbele yangu kwenda msalani.

Shaabani ikaja, mama akapika kwa masufuria ya kukodi.

Sasa niseme yaliyonipata. Ile hodi ya tatu haikuniacha. Dukani Mapinga wateja siku nzima wanapiga hodi, wanataka misumari, wanataka rangi, na kila hodi ya mwanamke ilikuwa inaninyanyua kwenye kiti. Nilimwambia mke wangu tuweke kengele, wateja wabonyeze. Nikipeleka chakula cha mchana kwa baba, nikiwa jikoni naosha vyombo, nilikuwa naisikia kabisa, mbele, barazani, ya chini ile. Siku ya kwanza niliacha maji yanamwagika nikakimbia, "Karibu! Karibu!" nikafungua mlango wote. Njia ilikuwa nyeupe, kuku wawili tu. Siku nyingine nikajibu nikiwa hapo hapo jikoni, kwa nguvu, "Karibu mama!" na baba akasema kutoka kwenye kiti chake, akiwa ameutazama ukuta, "Kuna mtu anawajibu wasiokuwepo."

Sikuacha kujibu. Nikawa najibu kimoyomoyo.

Mahakama ikavunja ndoa. Baba hakuenda hata siku ya hukumu, na hukumu ilipotoka nikamchukua nikamhamishia kwangu Mapinga, kwa sababu nyumba ile hakuna wa kumpikia. Nilimpa chumba kizuri, kinaingia hewa. Siku moja tunakula, nikasema, na sikusema kwa ukali, "Baba, wewe ungemsemesha tu. Neno moja kwa siku lingekugharimu nini?" Baba akaweka kijiko chini. Akamgeukia mke wangu. "Mwambie mumeo," akasema, "mchuzi umezidi chumvi."

Nilicheka. Mke wangu hakucheka.

Ikawa ndiyo basi. Mwambie mumeo anipeleke kunyoa. Mwambie mumeo feni inapiga kelele. Nimesimama hapo, nimeshika bisibisi, natengeneza hiyo hiyo feni! Wiki ya kwanza nilijifanya sijali. Wiki ya pili nikaanza kumsemesha kwa kumlazimisha, nauliza maswali, nakaa mbele ya macho yake, naye anaangalia mahali bega langu linapoishia. Nikawa nachelewa dukani bila sababu, nawashikilia wateja kwa maneno, mtu kaja kununua kufuli namwuliza habari za shemeji yake. Jioni moja nilipofika nilimkuta baba peke yake barazani, nikasema, "Shikamoo baba." Salamu, jamani. Salamu hata adui anaitikia. Akaiambia nguzo, "Giza linaingia mapema siku hizi." Nikaingia ndani nikakaa kitandani na viatu. Mke wangu akanikuta hapo, nikamwuliza kama naonekana. Swali la kijinga, lakini nilitaka kujibiwa.

"Wewe una wiki tano," akasema. "Miaka ya mama yako unaijua ni mingapi."

Akatoka kwenda kuanua nguo. Mimi nililia, mtu mzima na mvi zangu, nikalia kwa sauti, na najua baba alisikia.

Miezi sita ikatimia, wito ukaja. Safari hii nilikuwa nimejiandaa. Siku mbili kabla nilikwenda nyumba ya Bagamoyo nikayatoa masufuria yote tisa chini ya turubai, nikayasugua mwenyewe kwa mchanga na sabuni mpaka yakang'aa, nikakodi kirikuu, kigari cha mizigo, yakapakiwa, na siku yenyewe nikatangulia nayo mpaka uwanja wa mahakama. Watu walikuwa wananishangaa. Mimi nilikuwa na furaha kama ya sikukuu. Nilikuwa nimepanga na maneno ya msamaha, nimeyasema mbele ya kioo.

Mama akaja na mama mdogo na yule askari wa kike. Amenenepa kidogo. Plasta imetoka, lakini mkono anaubeba. Nikasimama mbali, kama inavyotakiwa, askari akanijia akatazama mzigo.

"Leo umehamisha jiko zima?" akaniuliza.

"Nataka nimwambie mama kwamba…"

"Amri bado ipo mpaka hakimu aseme. Sema na mimi, mimi nitamwambia."

Mama yuko pale, hatua kumi, anatutazama. Nikafungua mdomo. "Mwambie mama yangu," nikasema, nikajisikia mwenyewe, ikabidi nianze upya. "Mwambie nimemletea masufuria yake."

Mama hakungoja kuambiwa. Akasogea kwenye kirikuu, akalizunguka, akatazama zile alama nyekundu moja moja, akapitisha kidole ndani ya lile kubwa. "Kayasugua nani haya?"

"Mwambie mimi mwenyewe."

"Kwa nini yamekwaruzika hivi? Kasugua na nini, msasa?"

"Mwambie kwa mchanga."

"Mchanga!" Akacheka, kicheko kile cha kwenye shughuli, mpaka mama mdogo naye akatabasamu kwa shida, na askari akainamisha uso. "Mchanga, huyu! Haya, ahsante. Mungu akuweke." Nikasema moyoni, yamekwisha. Alhamdulillahi, yamekwisha.

Chumba cha mahakama kilikuwa kidogo, madirisha wazi. Hakimu alikuwa mwanamke, umri wa binti yangu mkubwa, miwani, mpole. Alipoona mama amesimama na mkono ule, akasema mama apewe kiti. Kiti kilikuwa karibu na mimi. Niliruka, nikakivuta, nikakiweka nyuma yake vizuri, nikakishikilia akae, na hakuna aliyenikataza. Akakaa. Nikarudi kwenye benchi langu nimejaa matumaini.

"Mama," hakimu akasema, "leo tuna jambo moja tu. Ndoa imekwisha, vitu vyako naona umeletewa. Hii amri ya ulinzi dhidi ya mwanao, tuiondoe?"

Mama akatengeneza mtandio.

"Mheshimiwa, huyu ni mwanangu wa kwanza. Nampenda, na yeye ananipenda, sina shaka hata kidogo. Najua anavyosema mtaani, kwamba mdogo wangu ndiye aliyenisukuma. Mdogo wangu alinileta siku ile kwa sababu nilikuwa na mkono mmoja. Askari niliwaomba mimi, kwa kinywa changu."

Hakunitazama. Hakuwa na hasira, na hilo ndilo nililokuwa nalitafuta usoni pake, hasira, nipate pa kushikilia.

"Sasa hivi hapa, mbele yako," akaendelea, "amesimama kunivutia kiti. Amefanya vizuri, ndivyo nilivyomlea. Lakini nimeona mkono unakuja, nikafumba macho. Namwogopa, mheshimiwa. Nimejaribu nisimwogope, nimeshindwa."

"Bado, mama?"

"Bado. Siku hofu itakapokwisha nitakuja mwenyewe niseme. Mniwie radhi."

Hakimu akaandika. Akaniuliza kama nina la kusema, nikasimama, maneno yote ya kwenye kioo yamepotea, nikasema sina. Akaongeza miezi sita mingine. Nikaambiwa nikae nisubiri. Mama akatoka na askari wake, akatembea polepole ameubeba ule mkono, nikasikia kirikuu linawashwa nje na masufuria yanagongana. Nikabaki kwenye benchi, mikono nimeiweka juu ya magoti mahali inapoonekana, mpaka askari aliporudi mlangoni akaniambia mama ameshafika barabarani, sasa naweza kutoka.